Kulungu Kumi na Wawili wa Seeb

Jumanne, 3 Juni

Ghadeer, binti wa mdogo wangu Thani, kaniletea daftari hili. "Shangazi," kasema, "umestaafu, sasa andika, la sivyo utatugombeza sisi mpaka tuhame Maskati." Hana adabu, lakini kasema kweli. Miaka thelathini na moja nilikaa masjala ya wizara, Al Khuwair, na faili halikunipotea hata moja. Namshukuru Mungu kwa hilo zaidi kuliko kwa saa ya ukutani waliyonipa siku ya kuniaga, ambayo haitembei.

Thani kanunua wanyama tena. Safari hii si mbuzi wala ngamia. Ni kulungu wa Amerika, kumi na wawili, kutoka kwa tajiri mmoja wa Barka aliyechoka nao. Karatasi inasema ni wale wenye mkia mweupe. Kanipigia simu: "Dada, mie nnakwenda Unguja na familia mpaka mwisho wa Septemba. Nnataka uniwekee daftari la hawa wanyama. Weye ndiye mtu wa madaftari."

Nikajifanya nafikiri. Nilikuwa nishakubali kabla hajamaliza kusema.

Jumapili, 8 Juni

Sikukuu ya tatu ya Idi. Tulikwenda shambani Seeb, tukala shuwa, nyama iliyofukiwa shimoni usiku kucha, chini ya kibanda, joto la kuchemsha ubongo. Baadaye Thani akanipeleka penye uzio.

Wazuri, mashallah. Wekundu, wekundu wa chungu kipya kisichoingia jikoni bado. Madume wawili, pembe zao zimefunikwa na ngozi laini yenye vinyweleo kama mahameli. Majike saba. Watoto watatu wana madoa meupe mgongoni, kama waliomwagiwa mchele. Wakishtuka huinua mikia na chini yake ni weupe mtupu, kisha huwaoni tena. Nilishukuru kwamba nna macho.

Mchunga wao ni mtu wa Bara, Desderius, wa Karagwe. Mrefu, miaka arobaini hivi, maneno yake machache. Kakaa na Thani miaka minne, akichunga mbuzi. Sikumpenda sana, nasema kweli. Mtu asiyesema humjui anafikiri nini.

Nikafungua daftari la wanyama, nikapiga mistari kwa rula, nikaanza kuandika. Yeye akasogea.

"Mama, kama unaandika, andika na masikio. Yule pale sikio lina mkato. Na yule mwingine mguu wa nyuma ni mweupe, kama kavaa soksi."

"Baba, nnaandika rangi. Mnyama hujulikana kwa rangi yake."

"Ni kweli, Mama. Ng'ombe wetu pia ni hivyo. Lakini hawa bado sijawazoea, sijajua tabia zao."

"Mie nimeanza kuandika wewe hujaota meno," nikamwambia. Akarudi kwa wanyama wake. Ghadeer alikuwa anapiga video na simu yake, akacheka, mtoto huyu hana haya.

Nimeandika hivi. Moja na mbili: madume, wekundu, shingo nyembamba, pembe zenye manyoya. Tatu mpaka tisa: majike, wekundu. Kumi mpaka kumi na mbili: watoto, wekundu, madoa meupe. Tukatia saini watatu, mimi, Thani na Desderius. Kazi safi. Hata wizarani wangeipenda.

Jumatatu, 9 Juni

Joto. Nimelala mchana kutwa.

Jumapili, 22 Juni

Thani na familia wameondoka. Tumekubaliana Desderius anipigie kila siku baada ya alasiri kuniambia idadi, nami nitie alama daftarini. Leo kapiga: "Kumi na wawili, Mama." Nimetia alama.

Jumapili, 6 Julai

Kesho napasuliwa goti. Daktari anasema nitakaa miezi miwili sitoki nje ila kwa dharura. Pelagia, anayenisaidia nyumbani mwaka wa tisa huu, kanifungia begi, kaweka udi na kanga mbili za kubadilisha. Mkristo huyu anajua vitu vyangu kuliko ndugu zangu. Nimemwambia nikifa asimruhusu Thani kuchagua sanda. Kaniambia, "Mama, hufi. Bado hujamgombeza daktari."

Alhamisi, 10 Julai

Alhamdulillah. Nimeamka. Goti linauma kama limetafunwa na mbwa, lakini nimeamka.

Jumapili, 20 Julai

Kumi na wawili.

Jumapili, 3 Agosti

Leo nimetembea kutoka kitandani mpaka dirishani. Pelagia alinishika kiuno, akaimba wimbo wake wa kanisani, nami nikasema bismillahi kila hatua, na baina ya hivyo viwili nikafika. Kutoka dirishani naona Darsait yote, mafundi wa magari, kamba za nguo, paka juu ya mapipa. Sikujua kwamba kutazama paka kunaweza kumliza mtu mzima.

Pelagia kaenda Hamriya, karudi na dagaa na unga wa sembe. Kasema kamuona Desderius kanisani Ruwi, na kwamba ni mtu wa kwao. "Huwa anampigia baba yake kila Jumapili," kasema. "Wanaongea saa nzima, habari za ng'ombe tu." Nikasema wanaume wa kwao basi bora kuliko wa kwetu, wa kwetu huongea saa nzima habari za siasa.

Jumanne, 19 Agosti

Usiku sikulala kwa maumivu, nikameza vidonge viwili. Desderius kapiga, kasema kumi na wawili, kisha kasema manyoya yanawatoka, yanabaki kwenye waya. Nimemwambia awapake mafuta ya nazi. Kasema sawa, Mama. Usingizi umenishika nikiwa na simu mkononi.

Jumanne, 2 Septemba

Kumi na wawili. Joto limepungua kidole kimoja.

Jumapili, 14 Septemba

Nimeshuka ngazi zote na kupanda. Ngazi ishirini na sita, Pelagia shahidi. Bwana mmoja wa duka la chini, Mhindi, alinipigia makofi. Nimshukuru nani kwanza? Nimemshukuru Mungu, daktari, Pelagia na Mhindi, kwa mpangilio huo.

Desderius kasema, "Watoto wamekua, Mama, ukija hutawajua." Nikamwambia nitawajua tu, nnao daftarini.

Jumapili, 28 Septemba

Thani karudi. Kaniletea karafuu, halua ya Wete na maneno mengi. Tumekubaliana twende shambani Ijumaa.

Ijumaa, 3 Oktoba

Sijui nianzie wapi.

Tulifika Seeb baada ya sala ya Ijumaa, mimi, Thani na Ghadeer. Goti langu lilikuwa zuri, nilitoka garini bila msaada, nikafurahi. Thani akatangulia kwenye uzio. Nikamuona kasimama. Kasimama tu, mikono chini.

"Dada," kasema. "Hawa si wanyama wangu."

Nikatazama. Wallahi hawakuwa wao. Walikuwa wa kijivu. Kijivu cha jivu la makaa, nywele nzito, hakuna hata mmoja mwekundu. Watoto wenye madoa hawapo, wako wanyama watatu wadogo wa kijivu bila doa. Madume wana shingo nene kama za fahali, na pembe tupu zinazong'aa kama mfupa, hakuna mahameli. Nilihesabu kumi na mmoja.

Desderius akaja mbio na ndoo mkononi, akatuamkia, anatabasamu. Thani akamkatiza.

"Wako wapi wanyama wangu?"

"Hawa hapa, Bosi. Mmoja yuko bandani, yule jike mzee, mguu unamsumbua. Wote wapo."

"Mie niliacha wanyama wekundu."

"Ni wale wale, Bosi. Wamebadili manyoya. Wamevaa ya baridi."

"Baridi gani?" Thani alipiga kelele. "Baridi gani, Seeb? Nnatoka jasho mpaka kwenye viatu!"

Na kweli alikuwa anatoka jasho. Kipimo cha gari kilikuwa thalathini na saba. Desderius akawaonesha tena kwa mkono, mmoja mmoja.

Thani akaniomba daftari la wanyama. Nilikuwa nalo mkobani. Akalisoma kwa sauti, mstari kwa mstari. Wekundu. Shingo nyembamba. Pembe zenye manyoya. Madoa meupe. Kila neno lilikuwa kweli, na kila neno lilimpiga yule mtu usoni. Kisha akanigeukia: "Dada, uliandika ulichokiona?"

Nikasema: "Niliandika kwa mkono wangu, na macho yangu hayana kasoro."

Nilisema hivyo. Nilisema kwa majivuno. Hapo Desderius akanitazama mara moja tu, kisha akaweka ndoo chini taratibu, kama mtu anayeweka kitu kisichokuwa chake.

Jumamosi, 4 Oktoba

Thani kakaa na simu yake usiku kucha. Kapata kwamba huko Amerika kuna aina ya pili ya kulungu, wa kijivu, wenye masikio makubwa kama ya punda. "Umeona? Kauza wangu wekundu, kaniwekea hawa wa bei ya chini. Mie nimekulia na mbuzi, dada. Mbuzi mweusi anakufa mweusi."

Alitaka kwenda polisi. Nimemzuia, nimemwambia heshima ya nyumba. Basi atamfutia viza, na tiketi ya kumrudisha kwao ni ya tarehe kumi na nane. Desderius katolewa shambani, kalala kwa mtu wa kwao Hamriya.

Nimemwambia Thani kafanya vyema. Naandika ili nisije nikasema sikusema.

Jumapili, 5 Oktoba

Pelagia haimbi. Kanipa chai, kanipa dawa, kanikunjia mswala. Adhuhuri nikamuuliza: "Pelagia, umenuna?"

"Hapana, Mama."

"Umenuna."

Akakaa kwenye kiti cha jikoni, jambo asilolifanya mbele yangu. "Mama, sisi kwetu wizi wa mfugo si kama wizi wa simu. Mtu akiitwa mwizi wa mifugo, ni yeye na watoto wake. Binti yake mkubwa ana mchumba. Habari zimeshafika, hapa Maskati tupo wengi na wote tuna simu. Leo baada ya misa kampigia baba yake. Mzee hakupokea. Kapiga mara saba."

"Labda mzee hayupo karibu na simu."

"Mama, ni Jumapili. Mzee huwa anakaa na simu mapajani."

Sikula mchana.

Jumanne, 7 Oktoba

Nimemwita Ghadeer, nikamwambia alete kompyuta yake na asilete maneno. Tukatafuta wale kulungu wa masikio ya punda, tukawatazama picha kwa picha. Mkia wao mwembamba kama kamba, ncha nyeusi. Pembe zao zinagawanyika mbili, kisha kila tawi linagawanyika tena. Wale wa mkia mweupe, mkia wao mpana, wa rangi ya mwili juu na mweupe chini, na pembe ni shina moja linaloinama mbele, vijiti vyote vimesimama juu yake.

"Shangazi, Ijumaa waliinua mikia?"

Nikafumba macho. Waliinua, Thani alipopiga kelele. Weupe mtupu. Na pembe zilikuwa shina moja.

Basi ni aina ile ile. Nikampigia Thani. Kasema, "Haya, basi kaniwekea wa aina ile ile, wazee waliooza. Wazee si huwa wa kijivu?" Akakata.

Nimebaki na simu sikioni. Mdogo wangu huyu tulimnyoa nywele za uchangani siku ya saba, mama akazipima kwa fedha, zilikuwa nyepesi, rangi ya shaba. Zilizoota baadaye zilikuwa nyeusi ti. Hakuna aliyesema mtoto kabadilishwa. Na mimi mwenyewe, mwezi huu nywele zangu nyekundu kwa hina, na nikikosa mwezi mmoja nitakuwa mweupe. Nani atasema mie, Nasriya, nimeibwa?

Alhamisi, 9 Oktoba

Nimeandika kurasa nyingi leo na sijali.

Asubuhi nilisoma daftari hili tangu mwanzo, kwa sababu sikuweza kulala wala kusali sawasawa. Nikafika tarehe kumi na tisa Agosti. "Kasema manyoya yanawatoka, yanabaki kwenye waya." Mwandiko wangu, umelegea kwa vidonge, lakini ni wangu. Aliniambia! Mtu aliniambia kwa mdomo wake, nami nikamjibu mafuta ya nazi.

Nikavaa, nikamwambia Pelagia tunakwenda Seeb. Ghadeer akatuchukua. Njia nzima nilimwambia aende kasi, yeye ambaye siku zote namwambia apunguze.

Shambani yupo kibarua mgeni asiyejua lolote. Nikaenda moja kwa moja kwenye waya. Huko chini, upande wa kivulini, vinyweleo vimekwama kwenye mafundo, vimeshikana na vumbi. Nikavitoa kwa kucha. Vilikuwa vyekundu. Waya ule ni mpya, Thani kauweka Mei kabla ya kuwaleta hawa, na mbuzi hawaingii upande huo.

Kisha nikaingia bandani. Yule jike mzee alikuwa amelala kwenye majani, mguu umefungwa kitambaa safi, fundo la mtu anayejua kufunga. Hakusimama. Nikapiga magoti, goti langu jipya na lile la zamani, na Pelagia nyuma yangu akisema Mama utaumia. Shingo ya mnyama ilikuwa ya kijivu. Mabega kijivu. Lakini mbavuni na kwenye mapaja alikuwa bado mwekundu, mabaka mabaka, na nilipopitisha mkono, wekundu ukanibaki kiganjani na chini yake kijivu kipya kinaota, kizito kama zulia. Mgonjwa kachelewa kubadilisha, ndiyo maana. Wenzake walimaliza, yeye bado yuko njiani.

Nililia pale pale. Nilimwambia mnyama, "Nisamehe," maana ndiye aliyekuwepo.

Ghadeer alikuwa kwenye uzio na simu yake. Akaniita. Katafuta video ile ya sikukuu ya tatu. Mnamo Juni jike mwekundu anaruka, mguu wake wa nyuma wa kushoto ni mweupe mpaka juu ya kifundo. Na mbele yetu, leo, jike wa kijivu anakula majani, mguu wa nyuma wa kushoto mweupe mpaka juu ya kifundo. Hata ukingo wa weupe, wenye meno kama ya msumeno, ulikuwa ule ule. Kisha tukamuona mwenye sikio la mkato. Kisha kwenye video ikasikika sauti yangu, kali: "Mie nimeanza kuandika wewe hujaota meno." Ghadeer akaizima haraka. Nikamwambia aiache.

Kasoma kwenye simu kwamba wanyama hawa mwili wao haufuati joto, hufuata urefu wa mchana. Mchana ukifupika, nywele nyekundu zinatoka na za kijivu zinaota, hata kama wewe unachemka. Madoa ya watoto huisha baada ya miezi mitatu minne. Pembe hukauka, ngozi yake hubanduka, na shingo za madume hunenepa kwa sababu wanataka majike. Weupe wa kuzaliwa, kama ile soksi, haubadiliki, na wapo hata wenye mabaka meupe mwili mzima. Basi kila nilichoandika mimi kilikuwa cha kupita, na alichotaka Desderius niandike ndicho kilichobaki.

Ijumaa, 10 Oktoba

Nimempeleka Thani. Sikumwambia kitu, nilimpeleka bandani tu, nikamshika mkono nikauweka kwenye ubavu wa yule jike. Kautoa umejaa nywele nyekundu. Katazama kiganja chake muda mrefu. Kisha Ghadeer kamuonesha video.

"Lahaula," kasema. Akakung'uta kiganja: "Mpigieni mwambieni arudi kazini kesho."

"Umpigie wewe," nikamwambia.

Kapiga. Kasema yamekwisha, tiketi imefutwa, njoo kesho. Desderius akajibu jambo, Thani akakunja uso. "Ati atakuja kwako Jumapili kwanza. Anataka nini huyu?"

Jumapili, 12 Oktoba

Nimepika pilau kwa mkono wangu, Pelagia nimemkataza kugusa sufuria. Thani kaja mapema, kakaa anatikisa mguu. Desderius kaja na Pelagia baada ya misa, shati limepigwa pasi, viatu kavivua nje, kavipanga.

Niliinuka. Nilikuwa nimejiandalia maneno mengi na yote yakanikimbia. Nikasema, "Desderius, mie ndiye niliyeandika. Uliniambia, sikukusikiliza. Nimekukosea mbele ya watu, na mbele ya watu nnakuomba radhi."

"Nimesikia, Mama," kasema.

Nilitamani aniambie usijali. Hakuniambia, na ni haki yake.

"Haya, yamekwisha," Thani kasema. "Kesho kazini, inshallah."

"Bosi, siwezi kurudi kazini mpaka baba yangu aambiwe. Na asiambiwe na mimi. Mimi hanisikilizi. Aambiwe na aliyesema."

Thani hajamuomba mtu msamaha maisha yake, hata mkewe. Akanitazama nimuokoe. Nikamtazama kama mama yetu alivyokuwa akimtazama akirudisha sahani bila kumaliza. Akatoa simu, Desderius akamtajia namba, akaiweka kwa sauti kubwa mezani. Iliita, haikupokelewa. Akapiga tena. Mara ya tatu ikapokelewa, na nikasikia jogoo akiwika upande wa pili.

"Assalamu alaykum. Shikamoo, mzee. Naitwa Thani, wa Maskati. Mwanao Desderius anafanya kazi kwangu."

Thani akasogeza mdomo karibu na simu.

"Mzee, nilimwita mwizi. Sikuibiwa. Wanyama wangu wote wapo. Nimemzulia mwanao, nnakuomba unisamehe."

"Umesema wewe ni nani?" Sauti kavu, ya mtu mzima sana.

"Thani. Mwenye wanyama."

"Ngoja nimwite mama yake. Na jirani. Kisha urudie."

Pelagia akaziba mdomo. Tukangoja, jogoo akawika tena, viti vikaburutwa huko Karagwe. Thani akarudia yote, neno kwa neno, kwa sauti ya juu, jasho linamtiririka kwenye ndevu ingawa kiyoyozi kilikuwa kinafanya kazi. Alipofika kwenye "nimemzulia" sauti ilimkatika, na hapo nilimpenda mdogo wangu kuliko siku zote nilizompenda.

"Tumesikia," mzee akasema. "Ahsante. Mpe simu."

Desderius akaishika kwa mikono miwili. Wakasalimiana kwa lugha yao. Pelagia akanitafsiria sikioni: "Anamuuliza amekula. Anamuuliza afya." Kisha mzee akasema jambo fupi, na Desderius akainamisha kichwa, mabega yakawa yanamtetemeka. "Kasema nini?" nikauliza. Pelagia machozi yalikuwa yanamdondoka kwenye kanga. "Kamuuliza wanyama hawajambo, Mama. Kwetu mwizi haulizwi hivyo."

Desderius akajifuta uso kwa mkono wa shati, akaanza kuwataja. Sikufahamu neno hata moja. Alitaja mmoja, akasita, mzee akaitika "eee" kule mbali, akataja mwingine. Nikawa nawahesabu kwa vidole chini ya kanga yangu. Vidole vikaisha, nikaendelea na vya Thani, aliyekaa karibu yangu, naye akaniachia mkono wake. Kumi na mmoja. Kumi na wawili.